Mkalimani wa Bandari, Tulipobisha Hodi Jumuiya

Siku ya kwanza nilifika bandarini Kalemie mapema kupita kiasi, nikakaa juu ya reli nikijiuliza kama viatu vyangu vinang'aa mno. Nilikuwa nimemaliza chuo kikuu, na nilichojua zaidi ya Kifaransa na Kiswahili chetu ni Kiingereza. Nchi yetu ilikuwa imeomba kuingia Jumuiya ya majirani wa mashariki. Wageni wa Jumuiya wangepita kukagua kama bandari iko tayari, na biro, yaani ofisi ya bandari, ilihitaji mkalimani. Ninyi mtakaoifuata kazi hii, acheni niwaambie ilivyokuwa, ingawa nilistaafu kabla ndevu zangu hazijajaa.

Mkubwa wa biro, ambaye sote tulimwita Papa Chef, alinipokea bila kuinua macho.

"Wewe njo mutafsiri?"

"Ndiyo, Papa Chef."

"Mutafsiri iko bomba. Maji inapita, bomba haisemi kitu. Usiongeze, usipunguze. Wageni wakirudi na furaha, nitakusainia kazi ya kudumu. Kama hapana, utarudi kwa mama yako."

Tangu hapo sikulala vizuri. Nilijifunza kutafsiri kwa zamu, yaani msemaji anasema kipande, ananyamaza, ndipo wewe unaanza. Nilijifunza umoja wa forodha, yaani makubaliano kwamba bidhaa za mwanachama zivuke mpaka bila kutozwa ushuru kama za mgeni. Neno "tayari" lilinisumbua kuliko yote. Tayari kwa macho ya nani? Nilimuuliza Papa Chef. Akasema bomba haiulizi.

Wageni wakaja. Kiongozi wao, mama mmoja mrefu, alijua Kiingereza tu. Papa Chef alizungumza Kifaransa, kwa sababu kwetu mkubwa wa biro hasemi Kiswahili hadharani, hata kama nyumbani kwake hasemi kingine. Nikapitisha: gati limefagiliwa, ghala limepakwa rangi. Kisha mgeni akauliza boti kutoka Kigoma, ng'ambo ya ziwa, husubiri muda gani kabla ya kushusha mizigo.

"Inategemea," Papa Chef alijibu kwa Kifaransa. Nikapitisha.

Karibu yetu alisimama Mama Faida, mchuuzi wa vitunguu. Boti lake la mbao lilikuwa limefungwa gatini siku kadhaa, halijashushwa. Kifaransa alikisikia vizuri kuliko walivyodhani.

"Inategemea nini, Papa Chef? Service moja inashuka, inaangalia vitunguu, inaenda kula. Ingine inashuka, inaangalia vile vile. Mpaka ya mwisho inafika, vitunguu vimeota majani. Tutaingia Jumuiya na majani?" Wapagazi wakacheka, maana kila idara ya serikali, hiyo service aliyoisema, hutuma mkaguzi wake. Akanigeukia. "Mutoto wa iniversite, muambie huyu mama yote. Usikate hata mukia."

Mgeni akaniuliza amesema nini. Papa Chef hakuniangalia, aliangalia ziwa. Ningeweza kusema anasalimu. Ningeweza kusema analalamikia jua. Niliiona kazi ya kudumu ikiondoka, nikamwona mama yangu akifungua mlango bila kuuliza. Halafu nikaviona vile vitunguu. Nami nilikuwa na amri moja tu: usiongeze, usipunguze. Nikapitisha yote, hata majani. Mgeni aliandika kwa muda mrefu.

Walipoondoka, Papa Chef aliniita.

"Umetafsiri muzuri sana," alisema. "Hiyo njo matatizo."

"Na ile kazi ya kudumu?"

"Tutatafuta bomba ingine."

Baadaye nchi yetu ilikubaliwa. Mimi nafundisha Kiingereza shuleni, na ile dakika ya gatini bado naigeuza-geuza kichwani nikisahihisha madaftari.

Juzi nilishuka bandarini. Boti la Mama Faida lilikuwa limefika, na wale wakaguzi wa kila idara wakashuka wote pamoja, wakaangalia vitunguu mara moja, wakarudi gatini. Nilimuuliza Mama Faida kama ni kwa sababu ya yale niliyoyapitisha, au ni Jumuiya, au ni bahati ya siku hiyo tu.

"Unawaza mingi," alisema. "Shika kitunguu."

Papa Chef, aliyeshuka pamoja nao, alikuwa wa mwisho kutoka botini. Alisimama mbele yangu, wakaguzi wote wakisikia, akasema kwa Kiswahili:

"Bomba. Mama yako hajambo?"

"Hajambo, Papa Chef," nilijibu, nikanyamaza hapo, nisije nikaongeza.