Kompyuta Iliyokufa Yafufuliwa Ndani ya Nyingine, Kanzu za Amissi Zarudi Sindanoni

Sindano inashuka kwenye shingo ya kanzu, inatoboa mara mbili, uzi unakatika. Efrazia Barampama anasonya na kuzima mashine.

"Nilijua!" anajigombeza fundi huyu wa kompyuta, aliyetoka Gitega hadi Muyinga kwa kazi hii tu.

Mashine hiyo ya kudarizi ni ya Amissi, mshona kanzu. Maua inayoyadarizi yalichorwa na marehemu baba wa Amissi, kwa programu inayokubali kompyuta za zamani peke yake. Kompyuta iliyoiendesha ilipokufa, muuza mashine mmoja alimshauri Amissi atupe vyote, anunue vipya, na michoro ya baba aisahau.

"Eti tupa!" Amissi anafoka. "Mashini iko muzima kabisa. Mi nitupe kazi ya baba juu ya kompyuta moja? Non!"

Efrazia naye damu inamchemka. Alikulia kwenye kambi ya wakimbizi Tanzania, akajifunzia kwenye kompyuta kuukuu za msaada, kisha amani ilipopatikana Burundi akarudi na wazazi wake kwao Nyarusange, mkoani Gitega.

"Kule tuliambiwa turudi kwetu. Huku tukaitwa watu wa kuja," anasema. "Kwa hiyo mtu akiniambia kitu kimepitwa na wakati, kitupwe, napandwa na hasira. Kwani alikitengeneza yeye?"

Dawa yake ni emuleta, yaani programu inayoifanya kompyuta mpya ijifanye ya zamani. Michoro ameinusuru kutoka kwenye diski ya ile iliyokufa. Kosa la leo ni haraka: ameiacha emuleta ikimbie kwa kasi ya kompyuta mpya, nayo sindano ikashindwa kufuata.

Anapunguza kasi. Anaipunguza tena.

"Mzee Amissi, tunga uzi."

"Iko tayari, dada."

Sindano inatembea polepole. Ua la kwanza linatokea, kisha la pili, na Amissi anayapapasa kwa kidole.

"Iyi ni mukono ya baba," anasema.

Efrazia sasa anakusudia kukodi chumba Muyinga, apokee mashine za mafundi kabla hazijauzwa kama vyuma chakavu. Muuza mashine yule ameshamtumia salamu kwamba anamharibia soko.

"Mwambieni nimezipata," anajibu Efrazia. "Na chumba nimekiona. Kinatazamana na duka lake."