Kangaga Juu ya Mwamba Mweusi

Nakumbuka siku moja, mwanangu, nilipopanda Mlima Meru na furushi la sufuria za wageni kichwani, huku kikao cha ukoo kikinisubiri nyumbani Ngarenaro. Tulikuwa tumemaliza matanga ya mama; baba alishatangulia. Baba zetu wadogo waliamua kama ilivyo desturi: wadogo zangu wawili wagawanywe kwa ndugu, Neema aende Lemara, Elia aende kijiji cha Usa. Mimi mkubwa, niliyeacha shule nikawa mpagazi, nilitakiwa nijibu nikishuka kama nakubali.

Ndani ya kreta, lile shimo la volkano, tulipumzika juu ya mwamba ambao zamani ulitiririka kama uji wa moto. Mweusi, mkali, bila udongo. Mzee Kaaya, kiongozi wetu, akaniona nafuta machozi.

"Mzigo au moyo?"

"Wanatugawanya, mzee. Ningebaki nao, lakini sina nyumba wala shamba. Labda nikipata kwanza..."

"Upate kwanza!" Akacheka. "Binti, umekalia nini?"

"Jiwe tupu."

"Tupu? Hebu inama."

Niliinama. Jiwe lilikuwa na madoa ya kijivu, yameng'ang'ania kama ukoko wa ugali. Alisema yale madoa ni hai. Yanalila jiwe polepole, yanakufa, yanakuwa udongo. Na kweli, kwenye ufa palikuwa na kangaga, mmea wa majani kama manyoya, mdogo kuliko kiganja cha mtoto, umebeba umande.

"Hata visiwa vinavyozaliwa na volkano katikati ya bahari huanza hivi," akasema. "Upepo unaleta mbegu. Buibui anaelea angani kwa uzi wake. Ndege anatua, anaacha kinyesi."

"Hata kinyesi, mzee?"

"Hasa kinyesi! Ndimo mbegu zilimo."

Nikatazama msitu mkubwa chini yetu, nikafikiri kwamba nao ulianzia juu ya jiwe. Nikajitwika tena furushi, jibu la kikao nikiwa nalo.

Kikaoni nilisema, "Shikamooni. Watoto hawaendi."

"Utawalea na nini?" baba mdogo akauliza.

"Na chumba kimoja, na mkaa wa leo."

Kisha shangazi akainuka, akarudi na debe la mahindi. Kesho yake jirani akaleta godoro. Hatukugawanywa.

Mwanangu, usingoje udongo ndipo uwashike walio wako. Shika hapo ulipo. Vingine vitakukuta umeshika. Mungu akupe ufa wa kutia mzizi, na kila upepo ukupitiao uwe na mbegu.