Miaka Miwili ya Podumi

Podumi Khanikar alikuwa fundi wa kushona mashuka ya hospitali mjini Jorhat tangu usichana wake, na muda wote huo hakuna aliyemuuliza alizaliwa lini. Mama yake alikwisha fariki, ndugu hakuwa nao, na ndoa ilimpita mlangoni bila kupiga hodi.

Ukaja mwaka wa kuhakiki karatasi za uraia. Kila mtu akatakiwa athibitishe baba yake ni nani. Podumi akapeleka cheti chake cha shule pamoja na cheti cha kifo cha baba yake. Karani akaviweka bega kwa bega, akavitazama, akacheka.

"Dada, mzee kafa, halafu mwaka na ushee baadaye ndiyo unazaliwa wewe? Alikuwa anakuja likizo kutoka ahera?"

Foleni nzima ikaangua kicheko. Podumi akakusanya vyake akatoka. Kilichomchoma si kuchekwa yeye. Ni mama yake, aliyeishi mjane na kujiheshimu, leo anafanyiwa mzaha kaburini.

Kosa lenyewe alilijua. Mwalimu mkuu wa zamani, wakati wa kuwaandikisha mtihani, alimpunguzia miaka miwili kama alivyowapunguzia wenzake wengi, ili umri wa kuomba kazi za serikali usiwapite upesi. Alidhani anatenda wema. Mama hakujua kusoma; alibonyeza dole gumba, akashukuru.

Podumi akaomba ruhusa kazini, akaenda ofisi ya mitihani kuomba cheti kirekebishwe.

"Lete wazee wawili wanaojua ulivyozaliwa, waape mbele ya hakimu," aliambiwa.

"Wazee wa kijijini kwetu?"

"Sasa wa kijijini kwa nani, mama?"

Hilikhaguri, alikozaliwa, haikuwepo tena. Mto Brahmaputra uliimega nyumba kwa nyumba, shamba kwa shamba, mpaka ukaimaliza, na watu wakatawanyika kama sufi kwenye upepo. Jumapili baada ya Jumapili Podumi alitembea kwenye matuta ya kuzuia mafuriko, huko walikohamia waliomegewa ardhi, akiuliza. Walimkaribisha tambuu, wakampa pole. Mtu wa Hilikhaguri hakumpata. Jioni alirudi chumbani kwake, akapika wali wa mtu mmoja.

Mwishowe akaelekezwa kwa Aghoni, mkunga wa zamani wa Hilikhaguri, aliyeishi peke yake kwenye kibanda cha mabati juu ya tuta.

"Wewe wa nani?" bibi akauliza, macho yamefifia.

"Wa Dhoniram seremala, bibi. Mama yangu Rohdoi."

Bibi akatema tambuu. "Wa Rohdoi! Kumbe ndiye wewe uliyenikosesha samaki!"

"Samaki gani, bibi?"

"Mkesha wa sikukuu ya mavuno! Kijiji kizima tuko kwenye kibanda cha nyasi, samaki wanatokota, bata yuko motoni, mimi bakuli mkononi. Mara baba yako huyo, mbio, miguu mitupu: 'Aghoni, twende, twende!' Nikaenda. Nawe umejikalia humo tumboni, jeuri wee, hadi jogoo wanawika. Kurudi, nikakuta miiba."

Podumi akacheka, kisha akamsogelea. "Kwa hiyo baba alikuwepo?"

"Alikuwepo? Alininyang'anya mtoto! Alfajiri ile watu wanachoma mnara wa nyasi kama ilivyo desturi ya sikukuu, akakuviringisha kwenye kitambaa chake cha begani, akaenda kukuonyesha moto. Nikamtukana, mwendawazimu we, mtoto atavuta moshi! Akasema, 'Acha apate joto.' Mvua za mwaka uleule zilipoanza, homa ikamchukua."

Mama yake hakuweza kumtaja mumewe bila kulia, kwa hiyo Podumi alijifunza mapema kutouliza. Hakuwahi kujua kama baba yake aliwahi hata kumshika.

"Utakuja kuapa, bibi?"

"Nitakuja. Na mzee Thogiram, mwenzetu wa Hilikhaguri, nitamburuta. Alikula samaki wangu yule, hawezi kukataa."

Wakaapa. Mvua zikaja, zikapita, kisha cheti kipya kikatoka. Podumi alikipeleka mwenyewe kwenye ile ofisi ya kuhakiki, amevaa nguo zake za sikukuu, ameandaa maneno ya kumwambia yule karani. Karani alikuwa amehamishwa. Kijana mpya akapokea, akapiga mhuri bila hata kusoma.

"Kuna lingine, mama?"

Yale maneno aliyoyaandaa hayakuwa na wa kuyasikia. "Hakuna," akasema.

Nyumbani, mke wa mwenye nyumba alikuwa akianua nguo. "Leo umependeza! Kuna harusi?"

"Hapana, dada. Nilikuwa na shughuli kidogo mjini."

"Kwema lakini?"

"Kwema."

Yule mama akaendelea kuanua nguo zake. Podumi akafungua kufuli, akaingia, akaketi kitandani bila kuwasha taa.