Kumbe hata Wahispania wanasema "fulani", na neno hilo nusura limnyime kaka yangu mke

Wakuu, salaam. Hii sijatunga. Kaka mwenyewe yumo humu jukwaani, nikitia chumvi atanisuta.

Sisi ni Wazanzibari wa Jeddah, mtaa wa Bani Malik, tangu enzi za babu. Kaka yangu Nassor ni fundi wa mashine za hospitali Riyadh. Huko akampenda nesi, Sabela, Mhispania wa mpakani na Ureno. Kwao wana lugha yao, Kigalisia.

Dini haikuwa shida, Sabela alishasilimu. Shida wazee.

Mama alikataa hata kumtaja jina. Kila siku "huyo fulani wako wa Riyadh". Na mama akigoma, kwetu hakuna posa. Nassor alikonda, jamani.

Ijumaa moja akamleta Sabela kusalimia. Mama akaitikia salamu, akarudi zake jikoni.

Sebuleni Sabela akampigia baba yake video call. Mzee kanuna. Sikuelewa kitu, ila neno moja likawa linajirudia: fulano, fulano.

Mama akatoka na mwiko mkononi.

"Fulani nani? Anamwita nani fulani?"

Sabela akajibu kwa Kiarabu chake cha wodini: "Nassor, mama. Baba hataki kumtaja jina."

"Mwanangu ana jina! Nimempa mie!"

Kisha akamtupia Sabela jicho. Sote tukakumbuka "huyo fulani wako wa Riyadh", ila nani angethubutu kusema?

Mimi mbea wa maneno, niligoogle palepale. Kumbe ni fulan ileile ya Kiarabu. Waarabu walitawala Hispania karne na karne, neno likabaki kwenye Kihispania na Kigalisia. Kwetu Pwani likaja na biashara na dini. Maana ni ileile, mtu asiyetajwa, ila kule mara nyingi lina dharau. Na ukimwita mwanamke fulana, hilo ni tusi zito. Msijaribu.

Tuendelee. Mama akaweka mwiko mezani, akaketi ubavuni mwa Sabela, akaikamata simu.

"Mwambie baba'ko, huyu anaitwa Nassor. Na mkwe wangu mie anaitwa Sabela."

Sabela alitafsiri huku analia. Nassor akajifanya anatafuta chaja.

Mzee akakohoa, akajaribu: "Nasó."

Si haba, tukapokea.

Nilichojifunza: kumkataa mtu huanza kwa kumnyima jina lake. Sasa wajuzi wa Kihispania na Kiarabu, nipeni maneno mengine tunayochangia na hao watu. Na wewe, ukweni walikuitaje kabla hawajakuzoea?