Filemoni Hakuachiwa Mlango

Siku yangu ya kwanza kazini, katika chuo kidogo cha wachungaji pale Kitale, niliingia darasani na maandalizi ya kumtosha profesa. Nilikuwa nimetoka chuo kikuu juzi tu, Kigiriki kikinitoka mdomoni kama kikohozi, na niliamini dunia nzima ilikuwa ikingoja kusikia nani hasa aliandika nyaraka za Mtume Paulo. Kuna nyaraka ambazo wasomi hukubaliana kuwa ni barua zake mwenyewe, na nyingine wanazobishania, wakisema huenda wanafunzi wake waliziandika kwa jina lake. Nilieleza ubishi huo kipindi kizima. Nilipomaliza, Mchungaji Barasa, mkulima wa mahindi kutoka Tongaren aliyenizidi umri kwa mbali, akainua mkono.

"Mwalimu, sasa hizi ambazo si za Paulo, tuzirudishe?"

"Tuzirudishe wapi?"

"Si wewe ndiye umesoma."

Darasa lilicheka. Mimi nilicheka mwisho, kama mtu aliyechelewa ibada.

Mkuu wa Chuo alikuwa mama mwenye sauti ya chini. Wazazi wake walihamia Trans-Nzoia kutoka kati ya nchi wakiwa na ng'ombe mmoja, naye alipenda kutukumbusha kwamba ng'ombe huyo alijua Biblia kuliko baadhi yetu. Aliniita ofisini, akanimiminia chai. "Hawa watu wanahubiri Jumapili," akasema. "Ukiwavunjia ukuta Alhamisi, Ijumaa waletee matofali."

Basi nikajifunza kuleta matofali. Nilianza na mambo ya mikono na miguu. Nilieleza kwamba hatuna hata karatasi moja iliyoguswa na Paulo, ila nakala za nakala, na kwamba kazi yetu ni kuzilinganisha hadi tuone ni maneno yapi yaliyozaa mengine. Nilieleza kuhusu katibu, aliyeandika Paulo akisema, na mjumbe, aliyebeba waraka safari nzima kisha akausoma kwa sauti mbele ya kanisa. Wale wa kwanza hawakusoma mistari miwili wakafunga kitabu. Walikaa, wakasikia barua yote. Nikawafanya wanafunzi wangu nao wafunge vitabu na kusikiliza, mmoja akisoma mwanzo hadi mwisho. Wengine walisinzia, lakini waliokuwa macho walishtuka kwamba barua ina mwendo, kama mtu anayekuja nyumbani kwako na jambo.

Baadaye nilihamishiwa tawi letu la Bungoma. Huko ndiko nilikokutana na Mchungaji Nanjala, aliyeuza vitunguu Chwele siku za soko na kuhubiri siku zilizobaki, kwa sauti ileile. Tulikuwa tukisoma waraka mfupi kwa Filemoni, ambamo Paulo anamwomba bwana mmoja ampokee tena mtumwa wake Onesimo, sasa akiwa ndugu. Niliwaambia watazame salamu. Ombi linamhusu Filemoni peke yake, lakini Paulo anamsalimu pia Afia, mwanamke anayedhaniwa kuwa mke wake, na kanisa lote linalokutana nyumbani mwake. Kisha anamshukuru Mungu kwa upendo wa Filemoni, huku watu wote wakisikia, kabla hajataja anachotaka. Hiyo ndiyo teolojia ya waraka ule: undugu ndani ya Kristo si siri ya moyoni, ni jambo la kutendwa mbele ya mashahidi.

Nanjala alipiga meza. "Huyu Paulo ni mtu wa kwetu kabisa, bana. Ukiwa na ombi kubwa, huendi kwa mzee peke yako. Unabeba shangazi, unabeba mashemeji, unabeba jirani. Mnasifu kwanza. Hapo atakataa akipitia wapi?"

Mwaka uliofuata ikaja habari mbaya. Baba Askofu, mlezi wa chuo, aliona kozi ya Nyaraka ni anasa, nayo ilikuwa ifutwe ili nafasi yake ichukuliwe na kozi ya uongozi. Nami, kwa kuwa sikujua kufundisha kingine chochote, ningefutwa nayo. Niliandika utetezi mrefu wenye tanbihi chini ya kila ukurasa. Mkuu wa Chuo aliusoma, akanirudishia kwa upole, akasema usingizi ulimpata ukurasa wa tatu.

Mahafali yakafika. Baba Askofu aliketi mbele na mkewe, na nyuma yao ukumbi umejaa jamaa za wahitimu kutoka Myanga hadi mlimani. Nanjala aliitwa kutoa neno la shukrani kwa niaba ya wenzake. Akakunjua karatasi.

Ilikuwa waraka. Ulimsalimu Baba Askofu, ukamsalimu mkewe, ukalisalimu kanisa lote lililokusanyika hapo. Ukamshukuru Mungu kwa upendo wa Baba Askofu kwa watu wasomao, na ukumbi ukaitikia amina. Hapo nikajua kinachofuata. Hawawezi kumwamuru, akasoma Nanjala, ila wanamsihi kwa upendo awaachie somo lao na mwalimu wao, ambaye, kama Onesimo, zamani hakuwafaa sana lakini sasa anawafaa. Watu wakacheka wakinitazama. Mwisho, kama Paulo aliyemwomba Filemoni chumba cha kufikia, akaomba nao waandaliwe chumba, maana darasa letu lilivuja.

Aliyecheka kwanza ni mke wa Baba Askofu.

Baba Askofu akasimama polepole. "Mimi pia nilisoma huo waraka," akasema. "Filemoni hakuachiwa mlango."

"Ameachiwa mmoja, Baba," mkewe akamwambia. "Si upitie huo."

Akaupitia. Somo likabaki, na stoo ya viti kando ya ukumbi ikawa darasa letu. Nilifundisha humo hadi nilipostaafu, kabla mvi hazijamaliza kazi yake.

Sasa nakaa Kitale na kuku wachache wasiopendezwa na Kigiriki. Vijana huniuliza kama kusoma nyaraka maisha yote hakukunichosha. Nawaambia kuna swali moja ambalo sikuwahi kulijibu darasani: Filemoni alisema nini? Jibu lake halikuhifadhiwa. Wengi wetu hukisia tu kwamba alikubali, kwani mtu aliyekataa angeuchoma waraka ule, wala usingetufikia.

Nanjala ndiye anayefundisha kozi hiyo siku hizi. Jana alinitumia ujumbe kwa simu. Ulianza kwa salamu kwangu, kwa mke wangu, na kwa wote walio nyumbani mwangu, wakiwemo kuku. Ukanishukuru kwa muda mrefu kiasi cha kutia shaka. Kisha ukasema anakuja na darasa zima, kwa hiyo niandae pa kulala.

Mke wangu aliusoma kwanza. Jibu langu, kama la Filemoni, halitapatikana popote. Lakini magodoro yako juani tangu asubuhi.