Supu ya Mlamba Jiwe

Siku ya nne tangu Bi Jenoveva afunge mdomo, bintiye Dafroza alikuwa ameshajaribu kila kitu anachoweza kupewa mgonjwa. Uji wa ulezi ulirudi na kijiko chake. Ndizi zilizopondwa, hataki. Mtindi, ambao zamani alikuwa akigombania na wajukuu bila haya, aliugeuzia uso ukutani. Mganga aliyekuja kumtazama hapo nyumbani kwa Dafroza, Kamunyonge, hakuzunguka: huu ni uzee na tumbo, alisema, si ugonjwa wa kumuua leo wala kesho, lakini mtu asiyekula hafiki mbali. Mtafutieni kitu anachokipenda. Dafroza akainama kitandani, akamuuliza mama yake anataka nini. Bi kizee akafumbua jicho moja.

"Mlamba jiwe," alisema. "Wa mwambani. Msimtumbue."

Haya sasa. Mtu asiyetoka rasini, kule ambako Musoma inaishia na mawe yanaingia ziwani, atauliza huyo ni mdudu gani. Ni samaki. Mdogo, hajazi mkono, mgongo mweusi na mkia wenye wekundu kidogo, ndugu wa wale samaki wote wadogo ambao watu huwalundika pamoja wakawaita furu, basi, wamemaliza. Lakini huyu ana jina lake, na jina amelifanyia kazi. Kutwa anazunguka kwenye miamba akilamba ule utando wa kijani unaoota juu ya mawe majini. Hali kingine. Kwa hiyo tumbo lake ni chungu, na uchungu huo ndio wanaomtafutia. Furu mwingine ukimpika na matumbo yake umepika uchafu. Mlamba jiwe ukimtumbua umemharibu. Anaoshwa, anaingia chunguni mzima, anatiwa chumvi na nyanya moja, basi. Aliyejifungua alipewa supu hiyo, aliyetoka kwenye homa alipewa, na mlevi aliyelala njiani aliamshwa nayo. Ilikuwa inafungua koo hata la mtu aliyeamua kufa.

Na katika kumjua mlamba jiwe, Jenoveva hakuwa na mpinzani. Ujana wake wote aliumalizia juu ya miamba na ufito wake, ndoana ndogo na kopo la nyungunyungu, kama walivyofanya wanawake wengi wa kijiji chao cha rasini, wanaume wakiwa mbali na nyavu zao. Alikuwa akimchomoa samaki bila kumwangalia, anampapasa tumbo kwa kidole gumba, anamtaja jina, anamtupia kwenye ndoo yake. Dafroza akiwa na miaka tisa aliwahi kuokota sato mchanga akashangilia kwamba amepata mlamba jiwe. Alipigwa kofi moja la heshima. "Jina si la kumrushia kila mwenye mapezi," mama yake alimwambia, na siku ile hakumpa mboga mpaka alipowapanga samaki wote wa ndoo, mmoja mmoja, kila mmoja na jina lake, bila kukosea. Alilia, alikosea, alirudia. Hajakosea tena.

Sasa ana miaka arobaini na saba, mjane, ana genge la nyanya na vitunguu Nyakato, na mama yake amelala chumbani mwake akiwa amekonda mpaka shuka halionyeshi kama kuna mtu. Alilifunga genge. Alimwacha Sara, binti yake aliyekuwa likizo ya chuo cha ualimu, amwangalie bibi, akateremka sokoni.

Sokoni walimlaki vizuri mno. Justina, muuza samaki wanayejuana tangu wakiwa wasichana, alimwambia mlamba jiwe wapo tele, mama Sara, leo una bahati, akamwonyesha sinia zima. Dafroza alitazama, moyo ukashuka. Walikuwa furu wa kila namna na watoto wa sato waliovuliwa kwa nyavu za kokoro kabla ya wakati wao. Alipobisha, Justina alicheka. Siku hizi, alisema, kadogo kokote ni mlamba jiwe, wateja wanalipenda hilo jina, linawakumbusha kwao. Wala hakuwa na nia mbaya. Dafroza akachagua watatu wenye mgongo mweusi, akajidanganya njia nzima.

Aliwapika bila kuwatumbua. Sara alimwinua bibi, Dafroza akapeleka kijiko. Jenoveva alishika ile supu mdomoni kidogo, kisha akaitema kwenye khanga ya mwanawe.

"Sato mtoto huyu," alisema. Sauti ilikuwa ndogo lakini hasira ilikuwa palepale. "Unanionaje, Dafroza? Mimi naumwa tumbo, siumwi ulimi."

Dafroza aliona aibu mpaka masikio yakamwaka. Hata hivyo, alipokuwa akiifua ile khanga uani, alijikuta anatabasamu peke yake. Mama yupo. Mwili umekwisha, mifupa inahesabika, lakini mama mwenyewe yupo mzima, bado anamgombeza juu ya majina ya samaki. Mtu wa namna hiyo hafi kizembe. Akipata samaki wake atakula, akila atainuka. Dafroza aliamini hivyo, na kesho yake asubuhi alipanda bodaboda kwenda kijijini.

Sasa hapa ndipo penye donda, na lazima liguswe.

Miamba ya Jenoveva ilikuwa mbele ya kiwanja chao, kuanzia nchi kavu mpaka ndani ya maji. Miaka ile ziwa lilipopungua na kurudi nyuma, mawe yaliyokuwa yamezama yalibaki nje, makubwa, yanang'aa juani. Dafroza na kaka yake Masatu walikuwa wanataka kumjengea mama yao nyumba ya saruji, wafute ile aibu ya nyasi. Kokoto zilikuwa zinatakiwa mjini. Masatu ndiye alitoa wazo, lakini Dafroza ndiye aliyekusanya vijana na matairi chakavu. Matairi yalichomwa juu ya mawe siku baada ya siku, miamba ikapasuka, nyundo zikamalizia, malori yakabeba. Nyumba ikasimama, ina bati na madirisha ya vioo, kijiji kizima kikawasifu watoto wa Jenoveva. Yeye mwenyewe aliwauliza swali moja tu: ziwa likirudi, samaki watakaa wapi? Walicheka wote wawili, walicheka kabisa, Masatu akamwambia mama, samaki hawajengewi nyumba.

Ziwa lilirudi. Tena lilirudi kwa kishindo, likala na mashamba ya watu. Dafroza alisimama pale alipozoea kusimama mama yake na ufito, akaona maji ya matope juu ya mchanga mtupu. Alivua viatu, akaingia mpaka magotini, akapapasa kwa miguu akitafuta jiwe hata moja. Akasogea mbele, mpaka kiunoni, gauni likaelea. Hakuna. Dorotea, mwanamke wa mwisho kijijini aliyewahi kuvua kwa ufito pamoja na mama yake, alikuwa ukingoni anamtazama tu. Alimweleza kwa upole kwamba ana miaka kama minane hajamwona mlamba jiwe. Vitoto vya siku hizi ukivitajia jina vinadhani ni tusi, kwa sababu wakubwa wanalitumia kumsema mtu asiye na kitu, anayelamba sufuria za jirani. Kisha Dorotea akauliza hali ya mama. Dafroza alitoka majini. Alikaa kwenye mchanga, amelowa, akalia waziwazi mbele ya watu waliokuwa wanafua. Mikono yangu, alikuwa anasema, mikono yangu hii.

Jioni alimpigia Masatu, ambaye siku hizi anaishi Bunda na ana shamba la pamba na ng'ombe kadhaa. Masatu alisema upande wao wa ziwa bado kuna miamba na wavuvi wanamtaja mlamba jiwe, aje. Asubuhi akaondoka. Jenoveva alikuwa ameanza kulala muda mrefu, akiamka anakunywa maji ya sukari vijiko viwili, anarudi kulala. Ilikuwa siku ya sita.

Masatu alimpeleka mwaloni, mahali mitumbwi inaposhusha samaki. Kweli, jina lilikuwepo. Mvuvi mmoja mzee alifunua ndoo, akamwonyesha samaki wanne wa mwambani, wa kwelikweli, mlamba jiwe wa kule kwao. Dafroza alimshika mmoja, akampapasa tumbo kwa kidole gumba. Laini. Mgongo ulikuwa na rangi ya majivu, mkia hauna wekundu wowote. Alimbonyeza kidogo, akaonja kile kilichotoka, mvuvi akashangaa. Kilikuwa kitamu. Samaki huyu alikuwa mla wadudu. Watu wa huku waliligawa jina hilo kwa samaki mwingine, tangu lini hakuna ajuaye. Mzee yule alikuwa na haki yake, na Dafroza alikuwa na mama anayekufa.

Masatu alimvuta pembeni. Alikuwa na haraka, anatazama simu. Akamwambia achukue hao hao, awatilie nyongo ya sato kidogo, uchungu ni uchungu, mama mwenyewe atajuaje.

"Mama atajua," Dafroza alisema. "Wewe ndiye hujawahi kumjua."

Hawakuagana vizuri. Hata hivyo aliwachukua wale samaki, na njia nzima alijichukia kwa sababu wazo la nyongo lilikuwa limeshamwingia. Afanye nini? Huku hakuna, kule hakuna, na pale palipokuwepo amepachoma moto mwenyewe. Alipitia kwa Justina, akaomba nyongo mbili za sato.

Siku ya saba mchana alipika. Alitia nyongo tone kwa tone, anaonja, anatia, mpaka ulimi wake mwenyewe ukakubali kwamba uchungu unakaribia. Unakaribia tu. Wa mlamba jiwe unakuja polepole halafu unaacha mdomo safi. Huu ulirukia koo na kuganda pale. Alijua kwamba mama ataitema. Alishajiandaa kwa matusi, na ukweli ni kwamba aliyatamani. Akigombezwa atapiga magoti, atamwambia yote kuhusu mchanga na ndoo za Bunda, atamwomba msamaha wa mawe, kisha watatafuta njia nyingine wakiwa wawili.

Sara alimwinua bibi. Kijiko kikaenda.

Jenoveva alimeza. Akafungua mdomo tena. Kijiko cha pili, cha tatu. Alikula nyama nyeupe ya samaki yule, akafyonza kichwa, mchuzi ukamchuruzika kidevuni. Bakuli likaisha. Sara alikuwa anacheka huku machozi yanamtoka, anasema bibi jamani, bibi.

"Ndiye huyu," Jenoveva alisema, amefumba macho kwa raha. "Mlamba jiwe mwenyewe. Mmemtoa kwenye mawe yetu?"

Dafroza alishusha kijiko. Alimtazama mama yake usoni akitafuta mzaha, mtego, chochote. Uso ulikuwa mtulivu, umeridhika, hauna neno.

"Ndiyo, mama," alisema. "Palepale."

Akatoka na bakuli. Sara alimkuta uani amechuchumaa kando ya karo, analia kwa sauti aliyoizuia kwa mkono. Binti wa watu alichanganyikiwa. Bibi amekula, alimwambia, bibi amepona, unalia nini? Tumwambie mjomba. Dafroza alimwambia ampigie tu.

"Bibi yako angenitemea," alisema. "Huyu aliyekula simjui."

Jenoveva hakufa wiki ile. Aliishi miezi mitano zaidi, na majirani wa Kamunyonge walimsifu Dafroza kwa kumrudisha mtu kutoka mlangoni mwa kaburi. Alikula kila alichopewa. Alikula uji, alikula ndizi, alikula dagaa wa sokoni na wali wa jana, na kila kijiko kilipomfikia alitikisa kichwa kwa kuridhika na kusema ni mlamba jiwe. Uji ulikuwa mlamba jiwe. Chai ilikuwa mlamba jiwe. Dafroza, aliyekuwa akiingia na sahani asubuhi, mchana na jioni, alikuwa anaitikia kila mara, ndiyo mama, ndiye mwenyewe.