Mashine Iliyosikiliza Sabato

Kwanza ulikuwa mlio. Mlio mmoja mdogo, kama tone la maji linaloangukia mtungi uliokaribia kujaa, halafu kimya. Nilikuwa nimelala chumbani mwangu na homa, Jumamosi alasiri, blanketi hadi kidevuni, na nilijua kwamba nyumba haina mtu mwingine.

Tata, ndivyo tunavyomwita baba yetu, ni mzee wa kanisa la Waadventista lililo ng'ambo ya kijito. Siku ya Sabato huondoka asubuhi na kurudi jua likikaribia kuzama. Mdogo wangu huimba besi kwenye kwaya, na siku hiyo alikuwa ameondoka naye. Siku kama hizo nyumba yetu hapa Nyamira huwa na kimya chake. Redio haiwashwi, shoka haliguswi, na ukungu ukipanda kutoka kwenye shamba la chai hadi dirishani, mtu husikia pumzi zake mwenyewe zikimrudia. Ndani ya kimya hicho, mlio hauna pa kujificha.

Nilitoka kitandani. Sakafu ya korido ilikuwa baridi. Mlango wa chumba cha mdogo wangu ulikuwa umeegeshwa tu. Juu ya meza, kando ya skrini kubwa aliyoinunua kutoka kwa rafiki yake, ambayo ilikuwa giza, kompyuta yake ilikuwa imefungwa, kifuniko chini, waya wa umeme ukiwa ukutani. Niliweka kiganja juu yake. Ilikuwa na joto, joto la kuku anayeatamia. Na ndani yake kitu kilikuwa kinahema polepole.

Sikuifungua. Nyumbani kwetu hakuna anayefungua mashine Sabato kabla wimbo wa mwisho haujaimbwa. Nilirudi kitandani. Baadaye, mwanga ulipoanza kuwa wa njano, ule mlio ulikuja tena, mmoja tu.

Ni lazima niseme mashine ile ilikuwa na maana gani kwetu wiki hiyo. Siku iliyofuata, Jumapili saa nane mchana, mdogo wangu alikuwa acheze mechi tatu za gemu ya soka kupitia mtandao, na watu fulani wa Nairobi walikuwa wamtazame. Walikuwa na timu, walikuwa na nyumba ambamo wachezaji wao hukaa, na walibakisha nafasi moja. Akiipata, angehamia huko. Asipoipata, angebaki.

Na kwetu kubaki kwake hakukuwa jambo dogo. Yeye ndiye kitinda mimba. Kaka zetu wakubwa walijenga kwingine wakaenda, kama inavyotakiwa, lakini mtoto wa kiume wa mwisho hukaa na wazazi, hurithi jiko la mama yake, na siku ikifika ndiye anayewafumba macho. Mama tayari tulimlaza nyuma ya nyumba, karibu na migomba. Mimi nilikuwa nimerudi kwa miezi michache tu ili nimalize kuandika kitabu, na kila mtu alijua hivyo. Kwa hiyo mdogo wangu akienda, Tata angebaki na ng'ombe mmoja, chai, na vyumba vitano.

Tata hakuwahi kumkataza. Alisema mara moja tu, mezani, kwamba hajaona mtu akila gemu akashiba. Kisha akanyamaza kwa mwezi mzima.

Ni katika mwezi huo huo mashine ilipoanza kumwaibisha mdogo wangu. "Imekuwa nzito," alikuwa akisema. Mchezaji wake ndani ya gemu angekimbia vizuri, halafu angesimama mguu ukiwa hewani, halafu angeonekana mahali pengine bila kupita katikati. Aliipeleka kwa fundi wa Keumbu, ambaye aliipuliza vumbi na kusema ni memori. Aliipeleka kwa mwingine Kisii mjini, ambaye alisema ni mtandao wa huko kwenu mlimani. Mwenzake wa kwaya alimwambia, akicheka kwa upande mmoja wa mdomo, kwamba huenda kuna jicho baya la mtu. Mdogo wangu naye alicheka. Lakini kesho yake niliona amehamisha meza kutoka dirishani.

Jioni hiyo walirudi. Tuliimba, Tata akaomba, Sabato ikafungwa, naye akatoka kwenda kumkamua ng'ombe. Nilimfuata mdogo wangu chumbani kwake.

"Mashine yako imelia leo," nikamwambia.

"Imelia vipi, dada?"

"Mara mbili. Ikiwa imefungwa."

"Hiyo ni homa. Meza dawa, ulale."

"Iguse basi."

Akaigusa. Akaondoa mkono upesi, akaniangalia, kisha akainua kifuniko. Skrini zote mbili ziliwaka. Mchezaji wake alikuwa amesimama kwenye kona ya uwanja, mpira mguuni, chini ya neno la kusimamisha mchezo. Kifua chake kilikuwa kinapanda na kushuka. Nyuma yake maelfu ya watazamaji walikuwa wakiyumba kushoto, kulia, kushoto, kama migomba kwenye upepo mdogo.

"Hapo ndipo nilipoacha jana," akasema.

Nilielewa. Ijumaa jua likizama, Tata hugonga meza kwa kifundo cha kidole mara moja, na kila mtu huacha kilicho mkononi papo hapo. Mama alikuwa akiacha sindano ndani ya nguo. Mimi huacha sentensi katikati. Hatumalizi, kwa sababu kumalizia ni kuiba muda usio wetu. Mdogo wangu hufunga kifuniko tu na kuja kuomba. Na kwa kuwa anatumia ile skrini kubwa, aliiambia mashine zamani kwamba kifuniko kikifungwa isilale. Hakuna Ijumaa aliyokumbuka kutoka ndani ya gemu.

"Na hiyo?" Nilimwonyesha doa jekundu kwenye pembe ya skrini. Kando yake palikuwa na tarakimu zilizobadilikabadilika.

"Hiyo ni ya kurekodi. Niliwasha wakati wale jamaa walitaka niwatumie magoli yangu. Gemu ikiwa wazi, inarekodi yenyewe."

"Ulizima lini?"

Alianza kutafuta faili. Zilikuwa nyingi, zimejipanga kama matofali, kila moja ya saa mbili. Mashine ilipofunga faili moja na kuanza nyingine, ilitoa mlio. Diski ilikuwa imejaa hadi shingoni. Alibonyeza ya mwisho iliyofungwa.

Picha ilikuwa ile ile: mchezaji konani, watazamaji wakiyumba. Lakini sauti ilikuwa ya nyumba yetu. Tulisikia mabati yakitanuka kwa jua. Kikohozi changu kutoka chumba cha pili. Kitanda kikilia, nyayo zangu kwenye korido, polepole. Mlango ukasukumwa. Kisha pumzi, karibu sana, na nilijisikia nikisimama pale nikiitazama mashine ilhali yenyewe ilikuwa ikinisikiliza.

"Zima," nikasema.

"Ngoja." Alikwenda kwenye faili ya kabla ya hiyo, akaipeleka mbele kidogo kidogo. Kimya. Jogoo wa jirani. Kimya. Halafu nyayo nyingine.

Hizo hazikuwa zangu. Zilikuwa za viatu vigumu, na zilitembea kama za mtu asiyetaka kumwamsha mgonjwa. Saa iliyoandikwa kwenye faili ilikuwa ya adhuhuri, wakati ninaapa nilikuwa peke yangu ndani ya nyumba, nimelala. Mlango ulifunguliwa. Kitanda cha mdogo wangu kiliitika uzito wa mtu anayepiga magoti na kukiegemea.

Sauti ikaanza, kwa Ekegusii, lugha yetu, chini chini. Ilikuwa ya Tata.

"Bwana, unaijua hii mashine. Mimi sijui jina lake. Ifanye nzito. Usimguse yeye, yeye ni mtoto wako, usimuumize hata kidole. Ifanye tu nzito, achoke nayo."

Kisha kimya kirefu, na pumzi za mzee.

"Kama ninaomba vibaya, unisamehe. Lakini ifanye nzito."

Nyayo zikatoka. Mlango ukaegeshwa. Watazamaji waliendelea kuyumba.

Mdogo wangu alifungua faili ya Sabato iliyotangulia, saa kama hiyo. Tata alikuwepo. Akafungua ya kabla ya hiyo. Alikuwepo. Kila Sabato, kati ya ibada ya asubuhi na mkutano wa alasiri, wakati waumini wengine wakila chini ya miti, baba yetu alikuwa akivuka kijito, akija kupiga magoti mahali hapa, na kuvuka tena. Na mashine ilikuwa imeyahifadhi maombi yote, neno kwa neno, na kwa kuyahifadhi ilikuwa imezidi kuwa vile alivyoomba.

Tulikaa. Nje tulisikia maziwa yakigonga ndoo.

"Kumbe virusi ni Tata," mdogo wangu akasema mwishowe.

Nilitaka kucheka, nikashindwa. "Ungetaka nifanye nini?" nikamuuliza. "Nikikuzimia hivi vitu, kesho itakimbia. Nina hakika."

"Unajua kuzima?"

"Yangu ya kuandikia kitabu ilinifanyia hivi hivi."

Alisugua uso kwa viganja. "Wewe ni dada yangu ama ni wake?"

"Mimi ni wa nyumba hii."

"Hilo si jibu."

"Ndilo nililo nalo."

Alinisogezea kiti.

Kazi yenyewe haikuwa ndefu. Nilitoka ndani ya gemu kwanza. Nikaingia kwenye mipangilio nikaondoa kurekodi kwa chinichini, kisha nikainyima mashine ruhusa ya kutumia maikrofoni. Hapo nikagundua kwamba warekodi walikuwa zaidi ya mmoja. Programu iliyokuja na kadi ya picha nayo ilikuwa ikirekodi. Ile ya kupiga gumzo na wachezaji wenzake ilikuwa imeweka kidirisha chake kinachoelea juu ya gemu, na duka la mtandaoni alikonunua gemu lilikuwa limeweka cha kwake. Wote walikuwa wakiutazama mchezo ule ule kwa wakati mmoja, kama watu wanne wanaoandika barua moja kwa kalamu moja. Nilizima kila kimoja, nikakizuia kisijiwashe asubuhi. Tarakimu za pembeni zikatoweka. Doa jekundu likatoweka.

"Sasa faili," nikasema. "Bila nafasi kwenye diski haitasaidia sana. Nikuachie moja?"

Alijua ninasema ipi. Aliishika kwa kishale, akaisogeza pembeni, akairudisha.

"Nikiiacha nitaisikiliza," akasema. "Nikiisikiliza sitaenda."

Alizifuta zote mwenyewe, kisha akafuta hata kwenye pipa la taka, mashine ikamwuliza kama ana hakika, naye akabonyeza ndiyo. Kifeni kilipungua sauti, kikapungua, kikanyamaza. Nimekuwa kwenye matanga mengi, lakini sijui kimya kilichowahi kunitisha kama hicho.

Jumapili saa nane nilikaa nyuma yake. Mchezaji alikimbia na mguu ukagusa chini kila ulipotakiwa kugusa. Alishinda mbili, akatoka sare moja. Wakati wote huo Tata alikuwa kwenye chai iliyo mkabala na dirisha, siku ambayo huwa hachumi, akichuma mstari mmoja kwenda, mstari huo huo kurudi, kikapu mgongoni kikiwa kitupu.

Simu kutoka Nairobi ilikuja siku ya tatu. Jioni hiyo Tata aliuliza, akivunja ugali, bila kuinua macho:

"Ile mashine yako. Ilipona?"

"Ilipona, Tata."

"Nani aliitengeneza? Yule wa Keumbu?"

Mdogo wangu alitazama sahani yake. "Ni mimi," nikasema.

Tata alinitazama kwa muda. Sikuona hasira. Aliniangalia jinsi mtu anavyoangalia njia panda usiku wa mvua, akijaribu kukumbuka alipitia wapi. Kisha akanisogezea bakuli la mboga. "Kula," akasema. "Bado una homa."

Hakuna anayetoka nyumbani kwetu kwenda safari bila kuombewa. Asubuhi ya kuondoka tulisimama sebuleni, begi la nguo kati yetu, kompyuta ikiwa mgongoni mwa mdogo wangu. Tata alifumba macho na kuanza. Aliomba gari liwe na breki. Aliomba barabara ya Keroka iwe kavu. Aliomba chakula cha Nairobi kimkubali mtoto wake. Kisha akafika mahali akanyamaza.

Nilifumbua macho. Mdogo wangu alikuwa tayari amefumbua ya kwake. Tulitazamana juu ya kichwa cha baba yetu kilichoinama, na nilijua tunasikiliza kitu kimoja, tukingoja neno. Midomo ya Tata ilikuwa ikitembea bila sauti. Ilitembea muda mrefu. Hakuna aliyerekodi alichosema hapo, na hatutakijua.

"Amina," akasema.

"Amina, Tata."

"Ukifika upige. Usiniambie umefika kama bado uko njiani."

"Sitakudanganya."

"Nenda basi, usimchelewishe dereva."

Mdogo wangu aliinua begi, akanigusa bega, akatoka. Kwetu mlango wa mbele haufungwi mchana watu wakiwa nyumbani. Jirani akiuona umefungwa huja kuuliza nani amekufa. Hatua za mdogo wangu zilikuwa hazijafika langoni Tata alipoushika mlango, akausukuma taratibu mpaka mwanga wote ukaisha sakafuni, na akateremsha komeo.